Kifungu cha Tano cha Sheria ya Matanga

Jumanne, 2 Septemba 2025

Daktari alipita asubuhi. Alibonyeza mguu wangu, kidole kikazama kama kwenye bugali, shimo likabaki. Akasema moyo umechoka. Muda hakuutaja. Miaka yote niliyokaa kwenye kiti cha hakimu sikumpa mtu adhabu bila kutaja muda wake — na huyu kijana aliyemaliza masomo juzi ananipa ya kifo, siku ya utekelezaji anaiacha wazi! Ningekata rufani. Kwa nani? Yule wa juu kabisa nitaonana naye bila wakili.

Mchana, wageni. Léon, mwenye duka la misumari na rangi, mwenyekiti wa komite ya matanga ya avenue yetu. Pamoja naye Mama Clémence, mkubwa wa akina mama. Binti yangu Musoki akawapa chai. Walikunywa kwa heshima ya kupita kiasi, nikajua wana ombi.

Kumbe ni matanga. Hapa mtaani Bigo, avenue yetu ina bâche yake, turubai la kukinga jua na mvua, viti vyake, masufuria yake makubwa, na vijana wa kuchimba kaburi. Ukifiwa, vyote vinakufikia kabla hujaomba. Sasa watu wamekuwa wajanja. Siku ya kuchimba hawaonekani, saa ya wali wamejaa. Léon anataka sheria. Iliyoandikwa.

"Papa Juge, ikuwe na makosa, ikuwe na azabu. Kama ya Serikali."

Nikamwuliza ameiona wapi ile ya Serikali ikitembea. Tangu état de siège, utawala huu wa kijeshi, kesi za wezi zimekwenda kwa wanajeshi, hakimu wa kiraia amebaki na talaka na mipaka ya viwanja. Mama Clémence akacheka. Léon hakucheka. Léon ni mtu wa msumari: ukimgonga anaingia palepale.

Nimekubali. Nasema nimekubali kwa ajili ya avenue. Ukweli ni kwamba hakuna aliyeniomba kitu tangu nistaafu.

Ijumaa, 5 Septemba

Nimeandika siku tatu. Mkono umechoka lakini kichwa kimefurahi kama mbuzi aliyekata kamba.

Kosa lina viungo vyake. Kwanza andishi: kisichoandikwa kabla si kosa, hata kikiwa kibaya namna gani. Pili tendo: mtu afanye, au aache kufanya alichoamriwa. Tatu nia: awe amejua na ametaka. Ukikosa kimoja, mwachie mtu aende zake. Halafu adhabu, yenye sakafu na dari, yaani ndogo kabisa na kubwa kabisa, ili hakimu awe na mahali pa kusimama.

Kifungu cha kwanza, hakuna kosa pasipo andishi. Cha pili, kubeba chakula cha matanga kwenda nacho nyumbani. Cha tatu, kulia kwa uongo — hiki nimekifuta, kingemaliza avenue nzima. Nimeweka badala yake kuja na redio ya kusikilizia mpira. Cha nne, kumsengenya maiti kabla hajazikwa.

Cha tano ndicho wanachokitaka. "Mtu mzima yeyote wa avenue asiyefika kwenye matanga ya jirani tangu maiti iletwe mpaka izikwe, isipokuwa mgonjwa au anayeuguza mgonjwa, ametenda kosa." Kizuri. Kinasimama kwa miguu yake.

Sakafu ya adhabu yake ni karipio; dari niliitafuta usiku kucha, nikaipata mchana nikila ndizi: matanga ya kwanza yatakayotokea katika nyumba ya mkosaji, avenue haitakanyaga. Bâche haiji, viti haviji, masufuria hayaji, mchimbaji haji. Nilipoisoma kwa sauti, Musoki aliacha kuchambua maharage.

"Papa, hii iko nguvu sana."

Nikamwambia adhabu isiyotisha ni ushauri.

Mwishoni, kwa mazoea tu, nimeongeza kifungu cha sita, kwamba anayemfanya mwingine akose ndiye mkosaji, na mstari ambao hakuna atakayeusoma: mkosaji akifa, adhabu yake inakufa naye.

Jumapili, 7 Septemba

Watu wa avenue wamekuja baada ya ibada, uani kwetu kwa sababu mimi sitembei. Niliwekwa kwenye kiti chenye mikono, blanketi magotini, kama sanamu ya mtakatifu inayosubiri kubebwa.

Kwanza walitaka kumwadhibu Dany, ambaye mwaka jana hakufika kwa msiba wowote. Nikasema haiwezekani, sheria haimrudii mtu wa jana. Kelele! Kosa liko, mkosaji yuko hapa amekaa, sheria iko — kwa nini asiadhibiwe? Dany mwenyewe alisimama akanishika mkono kwa machozi. Ndiye pekee aliyeelewa somo.

Kifungu cha pili kilichukua muda. Mama Clémence aliuliza: chakula kilicho kwenye sahani yangu ni cha nani? Changu, nikasema, umepewa. Na nikiweka ile sahani ndani ya mufuko? Nikasema kimerudi kuwa cha matanga. Akauliza kinarudi saa ngapi, kikiwa juu ya mufuko ao kikiisha kuingia? Nimewahi kusikia mawakili wa Kinshasa wakiuliza maswali ya kijinga kuliko hayo, tena wamevaa joho.

Kwenye cha tano ndipo Léon alipoamka.

"Hapa mumeandika mugonjwa. Papa Juge, siku ya kuchimba kila mutu atakuwa mugonjwa! Atakuya na karatasi ya dispensaire. Toa hiyo."

Na anayeuguza?

"Naye atakuwa nauguza. Toa yote."

Akataka pia adhabu iwe moja tu, ile kubwa, bila sakafu wala dari. "Hakimu iko na tabia ya kuhurumia. Siye hatutaki huruma, tunataka watu."

Halafu, kwa sauti ya chini kidogo, akaomba kiongezwe kitu: isipokuwa mjumbe wa komite aliye safarini kwa kazi ya komite. Hakuna aliyepinga. Mjumbe anayesafiri ni mmoja tu, naye anauza misumari mpaka Mongbwalu.

Niseme nilipigana? Sikupigana. Nilikuwa na hoja zote mdomoni, nikazimeza. Nilijiambia: acha afunge mlango, siku moja atajikuta yeye yuko nje. Niliona kama mchezo. Nikaandika "bila udhuru wowote" kwa mwandiko wangu mzuri, nikapiga mstari chini yake. Walipiga makofi.

Rodrigue, mtoto wa jirani aliyeanza mwaka wa kwanza wa droit, masomo ya sheria, amechaguliwa kuwa mwendesha mashtaka. Amekwisha kununua tai.

Jumapili, 14 Septemba

Sheria imekula mtu wa kwanza. Alhamisi kulikuwa na matanga ya mjomba wa mwalimu mmoja wa avenue. Dany — Dany yuleyule! — amekamatwa na paja la kuku mfukoni mwa koti. Kesi ilisikilizwa hapa uani. Rodrigue alisimama, akashika tai, akasema "mshtakiwa kwa hila alitoa kitu kisicho chake" na akanitazama kama nitampa alama. Dany akajitetea kwamba paja liliingia lenyewe. Mama Clémence: "Kuku iko ilipikwa, Dany! Iliingia na miguu gani?"

Ataosha masufuria yote ya msiba ujao mbele ya akina mama. Alikubali adhabu akicheka. Nilicheka mpaka Musoki akaniletea dawa ya moyo.

Siku nzuri. Labda sheria yangu haijawa mbaya.

Jumamosi, 20 Septemba

Mama Anastasie amefariki, yule wa mwisho wa avenue, karibu na bonde. Homa, siku mbili.

Musoki alikaa chini jikoni. Walipofika hapa kutoka Butembo, yeye na marehemu mume wake, hawakuwa hata na sufuria. Anastasie ndiye aliyempeleka soko la Mudzipela, akamgawia nusu ya meza yake. Waliuza pamoja samaki wa chumvi miaka mingi. Walikuwa wanagombana kila siku juu ya nani amekaa kwenye jua.

Maiti italetwa Jumatatu asubuhi na kuzikwa siku ileile. Kwa ajili ya usalama hakuna tena matanga ya kulala.

Jumatatu, 22 Septemba

Nilishikwa asubuhi. Pumzi ilikatika. Musoki hakuweza kuondoka. Alibaki nami mpaka jioni.

Nyimbo zilisikika kutoka chini.

Alhamisi, 25 Septemba

Léon amerudi. Alikuwa Mongbwalu kwa kazi ya komite: kutafuta bâche mpya. Bâche hakuipata. Misumari iliisha yote.

Hakumzika Anastasie na hana kosa. Musoki hakumzika Anastasie na ameitwa kujibu, Jumapili, kifungu cha tano. Rodrigue ndiye aliyeleta wito, bila tai, amejaa aibu.

"Mama Musoki, si mimi. Ni sheria."

Nilikuwa nyuma ya pazia la chumba. Nilitaka kumpigia kelele kwamba sheria haina miguu, ametembea nayo yeye. Lakini nani aliipa mdomo? Nimeusoma tena ule mwandiko wangu mzuri. Bila udhuru wowote. Mstari chini.

Nimepiga hesabu ya wazi, haihitaji shule. Matanga ya kwanza ya nyumba hii ni yangu. Akihukumiwa, mimi nitalala hapa ndani na Musoki atazunguka mitaa ya Ngezi na Mudzipela kutafuta watu wasiotujua wa kunichimbia. Na baada yangu anabaki yeye, mjane peke yake kwenye avenue ambayo haikuja. Hiyo haifutiki. Watu watamsalimia kwa kidevu.

Ijumaa, 26 Septemba

Nilidanganya Jumatatu. Nilidanganya hata humu, kwenye karatasi ambayo hakuna mwingine anayeisoma. Huo ni ujuzi!

Sikushikwa.

Andika, mzee, mkono bado unaweza. Alikuwa amejifunga kitenge cheusi. Chakula changu alikiweka karibu, na maji, na ndoo. Alisema nitarudi jua likiwa bado juu, Papa. Nikasikia ndala zake zikielekea mlangoni na chini kule wimbo ukaanza. Nikawaza: wimbo huo nitausikiliza peke yangu nimelala chali, na ikiwa siku yangu ni leo, itakuwa nimekufa nikisikia wanamwimbia mwingine. Niliogopa. Si zaidi ya hapo. Mtu wa umri wangu, niliyesomea mambo ya nia na tendo!

Nikaita "Musoki!" kwa ile sauti ya mtu anayekata roho. Nikatupa mkono. Nikavuta pumzi kwa kelele, kama nilivyoona wengine wakivuta. Ndala zikarudi. Akanikalisha, akanipepea, akanishika mgongo. Kitenge cheusi alikifungua, akakikunja, akakiweka juu ya kiti. Nilikiona. Ningeweza kusema basi, nimepona, nenda. Nilifumba macho. Alinishika mkono siku nzima na nilifurahi. Hilo ndilo baya kuliko yote — nilifurahi.

Tendo lipo. Nia ipo. Andishi lipo, kwa maana kifungu cha sita, ambacho pia ni changu, kinasema anayemfanya mwingine akose ndiye mkosaji. Hata hakimu mlevi angenifunga.

Jioni ile, alipokuwa anaosha vyombo, nilimsikia anaimba ule wimbo wa makaburini, taratibu, mpaka mwisho. Peke yake, mikono kwenye sabuni.

Baadaye, siku hiyohiyo

Nimepata njia! Nilikuwa nakunywa uji, karibu niumwage.

Nikikiri, Musoki anatoka: alidanganywa, hana nia, hana kosa. Mkosaji ni mimi. Adhabu: matanga ya kwanza ya nyumba yangu. Lakini matanga hayo yanaanza nikifa. Na nikifa — mstari wa mwisho, ule ambao hakuna aliyeusoma — adhabu inakufa nami! Inaisha kabla ya kuanza. Léon atalazimika kuleta bâche kwa mikono yake, ile ya zamani yenye matundu. Ningependa nione uso wake. Ndiyo kasoro pekee ya mpango huu.

Hakuna shimo zuri kama hili katika sheria zote nilizowahi kusoma. Na nimelichimba mwenyewe bila kujua.

Lakini kuna hili. Ili nitumie mstari ule ni lazima niseme mbele ya watu, na mbele ya Musoki. Nimwambie kwamba Anastasie alizikwa bila yeye kwa sababu baba yake aliigiza. Halafu jioni ataniletea dawa. Kwa uso gani? Au hataniletea.

Avenue nzima inaweza kunisusa, nitavumilia, nitakuwa nimekufa. Yeye akinisusa nitakuwa bado hai.

Jumamosi, 27 Septemba

Mungu ana huruma kuliko Léon. Mama Clémence amekuja kwa mlango wa nyuma, na mboga ndani ya kitambaa kama mtu anayeleta zawadi. Alizungumza na Musoki jikoni, lakini mama huyo hana sauti ya siri.

Alisema akina mama wamekasirika. Kwamba Léon alikuwa Mongbwalu anauza misumari, leo anataka kumhukumu mwenzao. Kwamba wamemwambia: kama muzee alikuwa nakufa kweli siku ile, hakuna sheria ya kumukataza mutoto kushika mukono ya baba yake. Léon amelainika. Kesho wataulizia neno moja tu.

"Weye utajibu ndiyo, dada yangu. Ndiyo tu. Tunakunywa chai, tunarudi nyumbani."

Musoki sikumsikia akijibu. Maji yalikuwa yanachemka.

Basi, imekwisha! Ataulizwa, atasema ndiyo, kwa sababu anaamini hivyo. Uongo wangu ndio utakaomwokoa. Sina haja ya kukiri kitu. Nimekula vizuri leo.

Jumapili, 28 Septemba

Wako sebuleni. Mvua imewatoa uani. Mimi niko chumbani, pazia limeshushwa. Wamesema nipumzike, wataniita wakihitaji maana ya neno. Naandika ili mkono upate kazi.

Rodrigue amesoma kifungu cha tano. Amekisoma vibaya, ameruka nukta. Léon amekohoa. Dany ameomba aruhusiwe kusema kwamba masufuria ya msiba wa Anastasie aliyaosha yote, amenyamazishwa. Watu wamecheka. Kicheko kizuri, cha watu wanaotaka kumaliza. Birika tayari liko kwenye mbabula, juu ya makaa, nasikia harufu ya tangawizi.

Sasa Mama Clémence.

"Musoki, dada yangu, simama. Siye hatuna roho ya jiwe. Utuambie tu. Siku ile ya Anastasie, muzee alikuwa nakufa kweli?"

Kimya.

Anatafuta sauti yake, ndiyo maana. Ni mtu wa haya.

"Musoki. Ndiyo ao hapana. Alikuwa nakufa?"

Mvua juu ya mabati. Hajajibu.

Nimekaa mbele ya watu walionyamaza maisha yangu yote. Kuna kunyamaza kwa mwenye hofu, anayumba, unasikia nguo. Kuna kunyamaza kwa asiyejua, hakukai muda, anajibu chochote. Na kuna huku. Mtu anajua, na neno moja dogo la uongo lingemfungulia mlango, na halisemi.

Basi alijua! Tangu ile pumzi ya kwanza. Anayenipa dawa kila siku, anayenisikia nikilala — nilidhani nitamdanganya yeye? Alijua, akafungua kitenge, akakikunja. Akakaa.

Hapo njia yangu nayo imeziba. Aliyejua hakudanganywa. Amekosa kwa nia yake, kifungu kinamkamata vizuri kabisa, kama nilivyokitengeneza. Labda nikisema mimi, nikisema kwa nguvu, kwamba hakuna mtu ambaye angeweza kujua, kwamba niliigiza vizuri mno —

Léon amesema: "Aandikwe kwamba amekataa kujibu."

Pazia limetikisika. Musoki amegeuka upande huu, naona vidole vya miguu yake chini ya kitambaa, zile ndala. Hasemi. Ananingoja niseme mimi kwanza.

Fimbo iko wapi? Iko pale mlangoni, aliiweka mbali ili nisiinuke bila yeye.

"Musoki!"

Hiyo ilikuwa sauti yangu. Hakuna hata mmoja anayekuja, hata yeye. Ni sauti ileile ya siku ile, ndiyo shida, na sasa ni lazima nisimame nitoke nimeshika ukuta ili niseme mbele yao kwamba siku ile